Ufunguo wa pikipiki ya Deo

Deo, weye mwanaume wa aina gani?
Unaishi na mujukuu wangu Neema hapa Rwambuzi, na baba yako hajafika kwetu hata siku moja!

Wamama wenzangu, leo asubuhi Deo anafunga mizigo ku pikipiki, anaenda Mahagi. Ile barabara ya risasi!

Juzi jirani yetu alifukuzwa ku matanga ya bwana yake. Ndugu za bwana walisema: "Weye si bibi yake, hatukutoa mahari."

Nikamukumbusha Deo ile mambo ya mahari.
Akanijibu, miye nyanya ya Neema: "Koko, waasi walikamata ng'ombe zetu zote."
Nani alikuomba ng'ombe?

Akatafuta ufunguo, akaukosa.
Neema, mwenye nilizani iko upande ya Deo, akautoa mu kitenge, akanipa miye.

Wamama, nimekosa?

Deo, leta baba yako na mbuzi moja. Kisha utaenda Mahagi.