Boti Niliyoianika Kama Maharagwe

Ta. Halafu kimya. Halafu ta-ta, mara mbili, kama ganda la maharagwe likipasuka juani juu ya gunia.

Sauti hiyo naisikia hadi leo. Nilikuwa nimekaa kwenye nyasi za kisiwani, sketi nimeikunja hadi magotini, tope limenikaukia miguuni, na mbele yangu boti ya anti ilikuwa imelazwa kifudifudi ikiota jua. Kila iliposema ta, mimi nilitabasamu. Nikajiambia, inakauka vizuri.

Mimi nimezaliwa upande wa juu wa Gilgil, kwa watu wa maharagwe na viazi. Kwetu kitu chochote kizuri lazima kipigwe na jua kwanza. Mahindi, kuni, magodoro, hata mtoto mchanga hutolewa nje asubuhi aote. Kitu kikikaa majini kinaoza. Hilo halihitaji shule, na shule mimi niliachia kidato cha pili. Basi nilipokuja Naivasha kukaa na anti, dada mdogo wa baba, nilikuja na akili yangu yote hiyo.

Anti ana boti moja ya mbao, ya kijani, yenye mstari mweupe ubavuni. Yeye mwenyewe hajui kuogelea na akipanda hushika ukingo kwa mikono miwili. Wavuvi watatu ndio huenda nayo ziwani, na samaki wakija wanagawana naye. Nilifika wakati ziwa limefungwa, ile miezi ambayo uvuvi husimamishwa ili samaki wazaane. Jioni ya kwanza nilimuuliza boti iko wapi, maana nilikuwa nimeiona tu kwenye picha ya simu na nilikuwa na hamu nayo. Alikuwa anakata sukuma wiki. Hakuinua hata macho.

“Iko chini ya maji, pale kisiwani,” akasema, akaendelea kukata.

Nikamtazama mama wa watu akikata sukuma nyembamba kama uzi, amepoteza boti yake ya pekee, na halalamiki. Sikuuliza zaidi. Kwetu mtu aliyepatwa na msiba hasumbuliwi na maswali kabla ya chakula. Nilikula, nikaosha vyombo vyote, hata vile vilivyokuwa safi.

Wiki iliyofuata anti alienda Gilgil kumwangalia shosho, bibi yangu, ambaye mguu ulikuwa unamsumbua. Angerudi Jumamosi. Ziwa lingefunguliwa Alhamisi baada ya hapo, na bichi nzima ilikuwa inaongea juu ya siku hiyo kama watu wanaongoja harusi. Nyavu zilikuwa zinashonwa kila mlango. Nami nilikaa nikimwaza anti, ambaye kwa akili yangu angebaki ufukoni siku hiyo akiwapungia wengine mkono. Huyu alikuwa amenipokea bila kuniuliza nitakaa hadi lini. Nikaamua kumfanyia sapraizi.

Kile kisiwa, watu wa hapa wanasema zamani ng'ombe walikuwa wanakifikia kwa miguu. Maji yakapanda, yakameza nyua na vyoo na shamba la kabeji la mtu, kilima kikabaki peke yake katikati. Kila asubuhi kuna mzee anayevuka kwenda kukata majani ya ng'ombe huko, na kwa kuwa yeye pia ni mtu wa milimani, mtu wa viazi kama mimi, alikubali kunibeba bila maneno mengi. Nilimwambia naenda kusafisha boti ya anti.

Niliipata upande usio na upepo, maji ya kufika mapajani, safi hadi unaona kokoto. Mstari mweupe ulikuwa unanitazama kutoka chini. Tumboni mwake kulikuwa na mawe. Ungefikiri hapo ningejiuliza: boti iliyozama kwa bahati mbaya inapata wapi mawe yaliyopangwa mstari kwa mstari, makubwa nyuma, madogo mbele? Mimi niliwaza kwamba kuna mtu mwenye roho mbaya alimfanyia anti hivyo. Nikalia kidogo, halafu nikaanza kazi.

Siku mbili. Nilitoa jiwe moja moja, nikalibeba hadi ukingoni, nikayapanga yote vizuri kwa sababu sipendi fujo. Kila jiwe likitoka, boti inainuka kidogo, kama mtu anayejikaza kuamka. Halafu nikachota maji kwa karai hadi mabega yakakataa. Jumatano mchana mzee wa majani alinisaidia kuivuta hadi kwenye nyasi, tukaigeuza kifudifudi. Alipapasa mbao, akakunja uso kwa vile zilivyolowa, akaniambia jua la siku tatu litaiponya. Nilimshukuru kwa moyo wote. Wataalamu wawili wa maharagwe tukasimama pale tukijisifu.

Ijumaa ndipo ilipoanza kusema ta.

Jumamosi anti alivuka pamoja na fundi wa boti, mwanamume mwembamba aliyevaa jezi ya timu ya Uingereza inayomliza kila wikendi. Fundi alikuwa na nyundo, mfuko wa pamba na kopo la lami. Mimi nilikuwa nimetangulia na mzee wa majani, nimesimama kando ya boti, nimenawa uso, maneno yangu nimeyapanga. Yote yakaniponyoka.

“Anti, nimeitoa,” nikasema.

Fundi alizunguka boti polepole. Akachutama, akaingiza kidole kati ya mbao mbili, kikapita. Akajaribu kile kikubwa. Nacho kikapita.

“Mathe,” akamwambia anti, “huyu mtoto wako ameanika boti kama maharagwe.”

Ndipo nikaelezwa, naye fundi alieleza kwa upole kuliko nilivyostahili. Mbao ya boti ikikauka husinyaa, mianya inafunguka. Ikilowa hufura, na mbao zinabanana zenyewe hata maji hayapiti. Kwa hivyo ziwa likifungwa na boti haina kazi, wenyewe huijaza mawe na kuilaza chini ya maji hadi siku ya kuamka. Huku kisiwani kwa sababu maji ni safi na mawe yapo. Kule bichi ni tope na viboko. Zaidi ya hayo, boti iliyojaa mawe haiibiwi kirahisi.

Anti hakuwa anasikiliza. Alikuwa anatazama rundo langu la mawe.

“Ulitoa yote haya peke yako?”

“Ndiyo, anti. Nilidhani ilizama. Nilidhani unaficha huzuni.”

Akakaa chini kwenye nyasi. “Ziwa linafunguliwa Alhamisi,” akasema, na hakuwa akiniambia mimi, alikuwa akiyaambia maji. Hata mimi mgeni nilikuwa nimeshajua maana yake. Wavuvi hawangoji. Boti isiyoingia ziwani siku ya kwanza, watu wake huitwa kwenye boti nyingine, na wakishazoea huko, mwenye boti anabaki na mbao tupu msimu mzima. Fundi alisema boti iliyokauka hivi inataka wiki nzima chini ya maji, na tulikuwa na siku tano.

Nilianza kusema kwamba nitarudi Gilgil, kwamba nitafunga mfuko wangu jioni hiyo hiyo. Anti akanikata.

“Gilgil utaenda kufanya nini? Na haya mawe nani atayarudisha?”

Tukayarudisha. Yeye, mimi, fundi na mzee wa majani, ambaye aliaibika hata hakutaka kunitazama. Haikuhitaji kujazwa maji. Tuliisukuma tu, na ziwa likaingia lenyewe kwa mianya yangu. Anti aliingia hadi kiunoni, yeye anayeogopa maji, akanionyesha jiwe gani linakaa wapi. Hakuniinulia sauti. Nimewahi kupigiwa kelele kwa sababu ya kikombe, na sijasahau kwamba kwa boti sikupigiwa.

Siku zilizofuata fundi alikuwa akinipeleka kuikagua, na njiani alinifundisha kuzitofautisha. Kuzunguka kisiwa kile kuna boti zilizokufa na kuna boti zilizolala, aliniambia, na mimi kabla ya hapo niliona zote ni maiti. Ile ya chuma iliyotoa pua nje ya maji, ndege wakianika mabawa juu yake, ilibeba pampu ya kumwagilia mashamba ya maua; ilizama na pampu yake, imekufa. Ile ya plastiki ilikuwa ya watalii. Ilipanda juu ya nguzo ya fensi ya shamba lililomezwa, ikapasuka kama kibuyu. Abiria walitoka wakiwa wamelowa tu, Mungu ni mwema. Imekufa. Halafu zikaja zile za mbao, nane au tisa, kila moja na mawe yake na kamba yake imefungwa kwenye mti. Zimelala. Mwishoni kabisa kulikuwa na moja iliyopangwa mawe vizuri kuliko zote, lakini kamba yake ilikuwa imeota majani marefu ya kijani. Mwenyewe aliilaza, akahama, na hakurudi tena. Nikauliza hiyo je, imekufa au imelala? Fundi akakuna kichwa. Akasema hajui, na kwamba mimi nauliza maswali kama karani wa sensa.

Alhamisi ikafika. Boti zilitoka bichi moja baada ya nyingine, watu wakiimba, na sisi tulisimama ufukoni, anti na mimi, vile vile nilivyokuwa nimeogopa. Wavuvi wake watatu walikuja kusimama nasi. Mkubwa wao alikuwa ameshaitwa na boti mbili. Nilijua hivyo kwa sababu zote zilipita karibu zikimpigia mluzi. Anti alimwambia aende, hatamlaumu. Yule mvuvi alitazama ziwa, akanitazama mimi na mikono yangu iliyochubuliwa na mawe.

“Anti,” akasema, maana naye humwita hivyo, “nimengoja samaki miezi yote hii. Nitashindwa kungoja mbao?”

Anti alifunika mdomo kwa leso, akageuka upande. Mimi nililia waziwazi, sikujificha.

Jumapili baada ya kanisa tuliiamsha. Ilikuwa imefura, karibu mianya yote imefumba. Miwili ilikuwa bado inatoa machozi, na fundi akaipiga pamba na lami, akasema itapona ikiwa kazini, ila kwa siku za kwanza lazima awepo mtu wa kuchota maji. Swali la nani likaulizwa. Wote walinigeukia. Hivyo ndivyo Jumatatu alfajiri nilivyoingia ziwani kwa mara ya kwanza kama mtu wa boti, mimi niliyekuwa nikiota kuvaa jaketi la kujiokolea la rangi ya machungwa na kuwaonyesha watalii viboko. Nilivaa koti la mvua la anti, nikakaa kwenye maji ya kufika vifundoni, karai lile lile mkononi, nikichota yaliyoingia kwa makosa yangu mwenyewe. Jua lilichomoza nyuma ya milima, tukapita kando ya boti ya chuma, juu ya fensi, nikaziona zote kutoka upande wa juu. Sidhani kuna mtu aliyefurahi kuliko mimi ziwani siku hiyo. Nilichota wiki tatu. Mianya ilipofumba kabisa, mkubwa wa wavuvi alisema karai limezoea mkono wangu, nibaki tu.

Nimebaki. Anti husimulia kisa hiki kwa kila mtu. Tulipokuwa tukienda kumwona shosho alikisimulia hata Kikopey, kwenye vibanda vya nyama choma, tukingoja nyama, kwa mchomaji ambaye hatumjui, na yule mchomaji akaniongezea kipande cha mbavu kwa huruma. Siku hizi nikimshukuru anti ananiambia niache upuuzi, nikoroge ugali. Basi nashukuru kwa kukoroga.

Mwaka huu ziwa lilipofungwa, anti alinipa kamba akasema niende, nisimsumbue, yeye ana magonjwa yake ya mgongo. Wavuvi walinifikishia boti kisiwani asubuhi, wakarudi na mzee wa majani, ambaye angenifuata jioni. Nikabaki peke yangu. Nilichagua mawe, makubwa nyuma, madogo mbele, nikayaweka bila kuyatupa, hadi maji yakafika ukingoni, yakaingia taratibu. Kabla haijatulia chini, nilipitisha kidole pale palipokuwa na ufa wangu, kuanzia mwanzo hadi mwisho. Hakikupita. Nikafunga kamba kwenye mti, mafundo mawili. Halafu nilienda hadi mwisho wa mstari, kwa ile boti ambayo mwenyewe hajarudi, nikaing'oa ile kamba majani yake, yote, nikaikaza upya.