Mpira Mkavu wa Emlyn Prosser

Mchana wa Julai pale Dunmarrow, vumbi la makaa likielea hewani kana kwamba limesahau kuanguka, Emlyn Prosser, mrushaji wa timu yetu ya besiboli, aliinua mguu wake wa kushoto na uwanja mzima ukaacha kutafuna. Mpira ulimtoka mkononi taratibu, umenyooka, mnene kama boga. Mpigaji alijiona tajiri. Halafu, hatua moja kabla ya kumfikia, ulizama kama umeitwa na mtu aliye chini ya ardhi, na kwetu watu walio chini ya ardhi ni wengi, wote wanachimba makaa. Gongo lilikata upepo.

Kwa miaka kumi na moja Emlyn aliishi kwa kuzamisha mpira. Kiangazi alilipwa kurusha. Majira ya baridi alisimulia alivyorusha, bure, hata kwa asiyetaka.

Siri yenyewe ilikuwa mate. Alitafuna gome la mti lenye ute mzito, akaficha mdomo nyuma ya glavu, akalowesha mpira upande mmoja. Sheria haikukataza. Ila mkewe, Gwenllian, alikuwa binti wa mchungaji, mwanamke wa kupangusa kitasa cha mlango kila mgeni akiondoka. Wakati wa uchumba Emlyn alimwambia kwamba gome ni dawa ya koo, kwa ajili ya kwaya, na kwamba mpira unazama kwa ufundi wa kiwiko. Kisha akamwoa, uongo wake ukiwa mkononi kama shada la maua.

Februari 1920 ligi ikapiga marufuku mate. Waliokwisha kuyazoea wangeachiwa wayatumie mpaka wastaafu, mradi timu itume majina yao kwa treni ya Jumamosi, saa sita mchana. Majina yangetoka gazetini.

Meneja wetu, Hob Dreyfogle, alifika kwa Prosser saa tano na nusu, karatasi mkononi.

"Tia sahihi hapa, ndugu yangu, niwahi treni."

Emlyn alimtupia jicho mkewe, aliyekuwa akikata mkate wa zabibu. "Sahihi ya nini? Mimi siutemei mpira."

"Emlyn. Mdakaji wako anataka kununuliwa koti la mvua."

"Hilo ni jasho."

"Jasho linalonuka gome?"

"Waambie hao wakubwa, Prosser ni kiwiko."

"Una miaka thelathini na minne, bwana. Kiwiko chako hata mlango hakisukumi. Usiposaini, umekwisha."

"Kiwiko," alisema Emlyn, na kuagiza chai.

Hob alikunja karatasi akaondoka. Baadaye filimbi ya treni ilisikika, ndefu, laini. Gwenllian aliweka kisu mezani.

"Mbona hukusaini?"

"Nisaini nini, mpenzi? Koo langu..."

"Miaka kumi na moja naifua ile glavu, Emlyn. Nilidhani unajua kwamba najua."

Emlyn alitoka mbio na soksi tupu, kwenye theluji, mbele ya macho yetu sote. Treni ilikwisha kukata kona. Moshi wake ulibaki umelala juu ya reli, hauna haraka ya kwenda popote. Gwenllian alimfuata na viatu.

"Na wewe hukusema!"

"Ulikuwa unafurahia sana kunidanganya. Ningekukatizaje?"

Mei Emlyn alipanda kwenye kile kilima kidogo cha mrushaji, katikati ya uwanja, na mpira mkavu. Mwamuzi alimkagua vidole kama mama anayetaka kumlisha mtoto.

"Prosser! Koo limepona?" walipiga kelele mashabiki wa timu ngeni, waliokwisha kusikia habari za ile dawa. "Mpeni supu huyo!"

Mpira ulikwenda umenyooka, ukafika umenyooka. Mpigaji wa kwanza akaupiga, wa pili akaupiga, wa tatu pia. Hob alitoka kumtoa.

"Mmoja tu, Hob."

"Haya. Mmoja."

Aliurusha. Mpigaji aliugonga barabara, ukapaa juu ya uzio, juu ya mlima wa mabaki ya makaa, mweupe kabisa, kwa sababu safari hii hakuna aliyeuchafua. Emlyn alisukuma kofia nyuma akaufuata kwa macho, mdomo wazi, kama mtu anayesikiliza wimbo kutoka chumba cha pili.

"Umekwenda vizuri," alisema.

Akateremka, akapita benchi la timu bila kusimama, akaelekea kwenye viti vya watazamaji. Gwenllian alikusanya sketi yake, akamsogezea nafasi.