Bosi Glavu, jambazi wa kwenye katuni aliyemaliziwa hadithi yake uwanja wa ngoma Dutwa

"Anaishaje huyu?"

Mjomba wangu aliniuliza hivyo nikiwa darasa la sita.

Wakuu, heshima kwenu wote. Mnaosoma comment zangu humu mnajua siamini kitu mpaka nimekigeuza juu chini, na wengine mmeshaniblock kwa tabia hiyo. Kwa hiyo nikiwaambia haya niliyaona kwa macho yangu, niliyaona. Nimebadilisha majina tu, maana baadhi ya wahusika bado tunapishana nao sokoni Bariadi.

Siku hizi tuko mkoa wa Simiyu. Wakati ule tulikuwa bado Shinyanga, na soko huria ndiyo kwanza linaingia.

Ushirika umelegea, wanunuzi binafsi wa pamba wanakuja na malori yao, mitumba imejaa mnadani, na magazeti ya kila rangi yanashuka stendi na basi la Mwanza. Wakubwa waliambiwa wamepata ushindani wa bei. Sisi watoto wa Somanda, mtaa wa Bariadi mjini, tulipata bazoka za kutafuna na jarida la katuni.

Jarida lenyewe lilikuwa la karatasi mbaya, ukilisoma wino unabaki vidoleni. Ndani kulikuwa na shujaa anaitwa Radi, anaruka angani na kitu kama shuka la hospitali mgongoni. Adui yake alikuwa Bosi Glavu.

Ngoja niwaeleze huyu Bosi Glavu, maana yeye ndiye chanzo cha yote.

Alikuwa bosi wa majambazi wa mji mzima, mji ambao mchoraji hakuwahi kuupa jina. Mrefu, mwembamba, miwani myeusi, glavu nyeupe mikono yote miwili, hata akila. Ofisi yake ilikuwa chumba cha nyuma cha kinyozi, na humo alikaa kwenye kile kiti cha kuzunguka. Hakuwahi kuiba kitu kwa mkono wake. Alizungusha kiti, akasema "Mleteni!", na mtu akaletwa.

Kazi yake yote ilikuwa hiyo. Kusema "Mleteni".

Hata kwa umri ule nilimdharau. Mipango yake yote inabomolewa na mtu wa shuka, sasa vijana wake wanamwogopea nini? Kwa nini kabla ya kumwua Radi anakaa kumwelezea mpango mzima, kama mwalimu wa zamu? Na zile glavu nani anamfulia?

Radi naye hakuwa na akili kumzidi. Anaweza kuruka juu ya mawingu lakini hawezi kuuliza kinyozi yuko mtaa gani.

Nilikuwa nalinunua hivyo hivyo. Dharau haizuii kusoma.

Sasa mjomba. Mjomba Maduhu, mdogo wake mama, aliishi upande wa Dutwa, na alikuwa manju.

Kwa wageni wa kwetu: Usukumani pamba ikishavunwa huwa kuna mashindano ya ngoma. Manju ndiye kiongozi wa kundi, anatunga nyimbo na kubuni vituko. Mamanju wawili wanapiga ngoma uwanja mmoja, wakati mmoja, kila mtu na duara lake. Jaji hakuna. Watazamaji wakihama duara lako kwenda la mwenzio, umeshindwa, na mpaka mbuzi wanaona.

Kushindwa kwenyewe si aibu tu. Wachezaji wa manju ndio wanaolima naye, leo shamba la huyu, kesho la yule. Manju akishindwa msimu baada ya msimu vijana wanahamia kwa mpinzani, yeye anabaki na jembe lake na ekari zake.

Mjomba alikuwa ameshashindwa msimu uliopita. Aliyemshinda anaitwa Nkwabi, na watu walisema Nkwabi ana dawa kali ya kuvuta watu.

Mimi nikauliza mbele ya wageni, "Kama dawa inavuta watu, mbona bado anafanya mazoezi?"

Mama akanipiga kofi la mgongo. Mjomba akacheka mpaka akakohoa.

"Mwache, dada," alisema. "Hata mimi hilo limewahi kunisumbua."

Siku hiyo hiyo akanikuta na jarida. Mjomba hakujua kusoma, na Kiswahili chake kilikuwa cha mnadani, kwa hiyo nikawa nasoma na kumgeuzia Kisukuma. Tulipofika kwa Bosi Glavu akanisimamisha.

"Ana ng'ombe huyu?"

"Hana."

"Mke?"

"Hawajamchora."

"Sasa ni bosi wa nini?"

Lakini hakuliachia lile jarida. Aliweka kidole juu ya zile glavu, akatazama muda mrefu.

"Mwipwa," akasema, ndivyo alivyoniita, mtoto wa dada yake, "mtu huyu mimi namfahamu."

Na kila mkulima wa upande ule angemfahamu. Alikuwa Jilala.

Jilala alikuwa mmoja wa wale wanunuzi binafsi wapya. Tuliambiwa watakuja wengi, washindane, mkulima achague. Upande wa mjomba lilifika lori moja tu, la Jilala. Chagua hapo.

Sasa, pamba ina madaraja mawili. Kuna safi, na kuna fifi, yaani iliyochafuka, ambayo bei yake ni ya kutupa. Jilala alikuwa anasimama kwenye mizani na glavu nyeupe. Anazamisha mkono kwenye mzigo wako, anautoa, anatazama vidole. Vikiwa na vumbi anasema neno moja tu: "Fifi."

Wakuu, pamba imetoka shambani juu ya baiskeli, kiangazi, barabara ya vumbi. Glavu nyeupe itakosa vumbi kwa muujiza upi? Watu walidhani anavaa kwa usafi. Alivaa ili vumbi lionekane.

Mjomba akachonga mwanasesere wa mti, urefu wa mtu mzima. Akampaka masizi kwenye macho yawe miwani, akamshonea glavu za kitambaa cha marekani na kuzipigilia misumari kwenye mikono. Halafu akamkalisha juu ya gurudumu la baiskeli lililolazwa, ukisukuma anazunguka kama yuko kwa kinyozi.

Mjomba anamzungusha na kuimba, "Mleteni!"

Duara zima linajibu, "Fifi!"

Alianza kuijaribu vijijini, na kabla mashindano hayajafika, Dutwa yote ilishamwita Jilala "Glavu". Watoto walikuwa wanamwambia akipita na pikapu yake. Wanawake wakimwona wanakumbuka ghafla kicheko cha jana.

Kazi yangu ilikuwa kuleta mambo mapya. Kila jarida likitoka nakwenda stendi kwa Mama Shija, aliyeuza magazeti na soda, nalinunua, mjomba akija mjini namsomea, anapata wimbo mwingine.

Halafu likakatika.

"Halijaja, mwanangu," Mama Shija aliniambia. Nikarudi tena. "Halijaja." Nikarudi tena, akaniambia niwaachie nafasi wanunuzi wa soda.

Toleo la mwisho tulilokuwa nalo liliishia pabaya. Radi amefungwa kamba kwenye kiti cha kinyozi, na Bosi Glavu, kwa mara ya kwanza, anaanza kuvua glavu moja. Unaona kifundo cha mkono tu. Pale chini: "Itaendelea."

Ndipo mjomba aliponiuliza. "Anaishaje huyu? Chini ya glavu kuna nini?"

"Sijui, mjomba. Tunga mwisho wako."

"Nikitunga mimi watasema Maduhu amemtukana Jilala. Ukitoka kwenye kitabu ni wa kitabu, nitamwonyesha hata mtendaji. Na uwanjani siwezi kuwaambia watu itaendelea. Watahama."

Kumbe Jilala alikuwa ameshasikia. Alimtuma mpima mizani wake kwa mjomba na ujumbe mfupi: atakayemwimba Glavu kwenye mashindano, pamba yake na ya duara lake lote ni fifi, hata kufunguliwa haitafunguliwa.

Vijana kadhaa hawakutokea mazoezini kesho yake. Siwalaumu. Pamba ilikuwa ndani ya nyumba zao, na lori ni moja.

Nilimwambia mjomba aache.

"Nikiacha, sina kituko, watu wanaenda kwa Nkwabi na vijana wanawafuata. Nisipoacha, pamba ya vijana ni fifi. Wewe unayehoji kila kitu, hebu nihojie na hilo."

Nilikuwa na maswali ya kila aina ila hilo.

Siku ya mashindano Dutwa kulikuwa na baiskeli kama kumbikumbi. Jua kali, vumbi, maduara mawili. Nkwabi alikuja na chatu. Watu wote mbio kwa chatu. Mimi nilimwona vizuri yule chatu: ameshiba, amelala, hajui hata kama kuna sherehe. Lakini watu wanapiga makofi, eti dawa.

Mjomba alianza na nyimbo zake za zamani. Glavu alikuwa pembeni, amefunikwa turubai. Duara letu likawa linapungua, mgongo mmoja, mgongo mwingine. Vijana wake wakawa wanatazamana.

Ng'ambo ya uwanja Jilala alikuwa amekaa juu ya pikapu yake, amevaa glavu zake, anatazama.

Mjomba akaenda mwenyewe akavuta turubai.

Kelele iliyotoka pale sijawahi kuisikia tena. "Mleteni!" "Fifi!" Watu wakaanza kurudi. Glavu anazunguka, miwani ya masizi inang'aa, wanawake wanajishika mbavu. Mjomba akaimba habari ya kinyozi, ya Radi kufungwa kamba, ya mkono unaoanza kuvuliwa glavu.

Kisha akafika pale jarida lilipokatikia.

Akarudia ubeti ule ule. Akarudia tena. Watu wa kwetu wanamjua manju aliyeishiwa hata kabla hajajijua mwenyewe. Nikaona mgongo wa kwanza ukigeuka kuelekea kwa chatu.

Hapo Jilala akashuka kwenye pikapu.

Alipasua watu kwa mabega akaingia katikati ya duara. Sasa, kwetu anayeingia kwenye duara la manju ameingia kwa kufurahi. Anakwenda kumtunza hela, au kucheza naye kidogo, halafu anatoka. Hakuna aliyewaza kuwa mtu mzima ataingia kugombana na mti. Kwa hiyo wanawake wakapiga vigelegele, ngoma zikapanda.

Jilala akamkamata mwanasesere mkono, akavuta ile glavu. Imepigiliwa misumari. Akavuta kwa nguvu, gurudumu likazunguka, naye akazunguka nalo. Akang'ang'ania. Likazunguka tena. Glavu wa mti na Glavu wa nyama, wameshikana mikono, wanazunguka kwenye jua la Dutwa.

Mjomba alikuwa amesimama mdomo wazi. Kisha nikamwona akijaza kifua.

"Amejileta!" akaimba. "Amejileta mwenyewe!"

"Fifi!"

Duara la Nkwabi lilibomoka. Wapiga ngoma wake wenyewe walikuja mbio na ngoma shingoni. Alibaki Nkwabi na chatu wake, na chatu bado amelala.

Jilala alipojinasua, glavu yake ya kulia ilibaki kwenye msumari. Bibi mmoja mwenye fimbo akaichomoa, akaipekua, akaona vumbi, akaiinua juu watu wote waione.

"Jamani, na hii ni fifi!"

Nilikuwa karibu, nikautazama ule mkono uliobaki wazi. Nilitaka kujua. Ulikuwa mkono tu. Una sugu za jembe kwenye kiganja, kama za mjomba, kama za kila mtu aliyekuwa pale akimcheka.

Msimu ule pamba ya duara la mjomba ilinunuliwa safi. Si kwa huruma. Mpima mizani kila akitaka kutamka lile neno, foleni nzima ilikuwa inalitamka kabla yake, na yeye mwenyewe anacheka. Vijana walibaki kwa mjomba, wakalima naye mpaka nguvu zilipomwishia. Msimu uliofuata Jilala alikuja na ujanja mwingine, bila glavu. Msinitegemee niseme aliokoka.

Mpaka leo Dutwa watasema ile ilikuwa dawa ya Maduhu, ilimvuta Jilala kutoka kwenye pikapu. Mimi nasema hakuna dawa. Kulikuwa na mtu aliyeweza kukaa juu ya pikapu yake, akacheka na wenzake, na yangeisha hapo. Hakuweza. Nimesoma chuo, nimefanya kazi chini ya mabosi wa kila namna, na kipimo changu ni hicho hicho: bosi mwenye uwezo ukimchora anaendelea na kazi. Wa bandia anakuja kuvua glavu za mti.

Nawakaribisha mnipinge, hasa mnaoamini dawa. Leteni logic, matusi nimeshayazoea. Na kama kuna mtu wa Lamadi au Bariadi aliyelisoma lile jarida, aseme kwake liliishia wapi.

Mimi la kwangu nililijua nikiwa chuo Dar. Nililikuta barabarani kwa wauza vitabu vya zamani, rundo zima, matoleo mengi baada ya lile letu, na Bosi Glavu mzima wa afya kwenye kiti chake. Likizo nikaenda stendi kumuuliza Mama Shija.

"Lilikuwa linakuja, mwanangu," alisema. "Jilala alikuwa anatuma mtu, anachukua lote kabla sijakata kamba ya mzigo. Akaniambia nikikuuzia hata moja, nitafute stendi nyingine. Mimi nikaona linaisha, nikawa naagiza zaidi."

Na mzee mmoja niliyekutana naye Dar baadaye, aliyekuwa akilichora, aliniambia Bosi Glavu alipangiwa kufa matoleo machache baada ya lile letu la mwisho. Mwenye jarida akamkataza. Mzigo wa Bariadi ulikuwa unaongezeka kila toleo, akasema kuna watu kule wanampenda sana huyu jambazi, asiuawe.