Vipindi Arobaini Bila Kufumbua Macho

Kazi ya Bang Miryeong ilikuwa kulala. Si kulala kwa uvivu, la. Alilala mbele ya kamera tatu, chini ya taa zinazochoma, kila siku isipokuwa Jumapili, na nchi nzima ilimtazama saa moja na robo jioni huku ikila wali.

Kabla ya hapo aliimba. Kampuni ilimchukua akiwa na miaka kumi na minne, ikamweka kwenye bweni moja na wasichana wenzake wanne, ikamfundisha kucheza, kutabasamu na kushinda njaa, na alipofika miaka ishirini na mmoja ikamtoa hadharani. Kundi liliitwa Daseot Byeol, yaani nyota tano. Katika hizo tano, mbili zilipendwa, moja ilisifiwa miguu, na mbili zilizobaki zilijaza mstari. Miryeong alisimama pembeni kabisa, upande wa kulia. Katika kila wimbo alipewa sekunde sita, na sekunde sita hizo alizifanyia mazoezi mpaka sauti ikamkauka. Waliimba kwenye sherehe za mavuno ya matunda, kwenye kambi za wanajeshi, kwenye ufunguzi wa maduka ya simu. Mwaka wa saba ukafika ujumbe wa simu, Jumanne mchana: kampuni inawashukuru kwa juhudi zenu. Hata jina lake hawakuliandika. Huo ndio uliokuwa mwisho wa uimbaji wake.

Akajaribu uigizaji. Alikokwenda kujaribiwa waliangalia karatasi yake wakasema, "Aa, mwimbaji," kwa sauti ile ya mtu aliyekuta unywele kwenye supu. Miaka minne alisikia hivyo. Alikuwa ametimiza thelathini na miwili ndipo tamthilia moja ya kila siku ilipomchukua. Akawa Jinhwa, mke wa mrithi wa kiwanda cha mchuzi wa soya. Katika kipindi cha kumi na moja mwanamke mwovu anamsukuma Jinhwa barabarani, gari linamgonga, naye anapoteza fahamu.

"Usihofu," meneja wake, Bwana Ku, alimwambia. "Ni wewe tu unayejua nani alikusukuma. Kwa hiyo lazima uamke. Na siku utakayoamka, dada, siku hiyo ndipo utakapokuwa mwigizaji."

Miryeong aliyashika maneno hayo. Akawa anangoja kuamka.

Tamthilia za kila siku haziandikwi zikaisha. Mwandishi yuko nyumbani kwake, anaangalia jana watu wangapi walitazama, kisha anaandika ya kesho. Karatasi hufika studioni asubuhi zikiwa bado na joto la mashine. Miryeong alikuwa wa kwanza kuzichukua. Alitafuta jina la Jinhwa, halafu neno linalolifuata. Kila asubuhi lilikuwa lile lile: amelala. Anaweka karatasi chini, anavaa gauni la hospitali, anapanda kitandani.

Ambaye hajawahi kulala kwa ajira anaweza kucheka. Kumeza mate hakuruhusiwi. Kope zisicheze. Pumzi itoke puani, kidogo kidogo, shuka lisipande. Wenzake waligombana juu yake, walipigana makofi juu yake, walikiri dhambi zao wakiwa wamemshika mkono. Kamera ikizimwa, waliweka karatasi zao tumboni kwake kama mezani. Mwalimu Noh, mama mkwe wa kwenye tamthilia, mwigizaji aliyekuwa kazini miaka hamsini ambaye hakuna aliyethubutu kumwita kwa jina tupu, alikuwa akimwekea miwani kifuani. "Nitunzie, mwanangu," alisema, na Miryeong alimtunzia bila kufumbua macho.

Kuuliza hakuweza. Mwandishi hakuonekana, aliongea na mwongozaji peke yake kwa simu. Na mtu mdogo kwenye kazi, tena aliyetoka kwenye uimbaji, ataanzaje kuuliza lini ataamka?

Waliouliza walikuwa wanawake wa sokoni Incheon, mji wa kwao. Mama yake, Yang Okrye, alikuwa na meza ya vitoweo pale: kabichi iliyochachushwa iitwayo kimchi, dagaa wa kukaangwa na sukari, majani yaliyolazwa kwenye mchuzi wa soya. Juu ya jokofu aliweka televisheni ndogo, na jioni majirani walijikusanya mbele yake.

"Mama Miryeong, bado hajaamka?" aliuliza Pilsun, muuza samaki wakavu.

"Bado."

"Mwanao mvivu huyu!"

"Mvivu? Hebu lala wewe dakika kumi bila kukoroma, soko zima likushuhudie!"

"Mimi ningelala hivyo mume wangu angeshaoa."

"Angempata nani, na sura ile?"

Wakacheka, lakini watu wote wakiondoka Okrye alimpigia mwanawe simu. "Wewe, siku ile ya kuanza kazi, mlipokiinamia kichwa cha nguruwe kuombea tamthilia baraka, uliinama vizuri?"

"Mara tatu, mama, mpaka chini."

"Na nguruwe alikuwa anatabasamu?"

"Alitabasamu."

"Basi. Ataamka."

Hakutulia hata hivyo. Alfajiri, kabla ya kufungua meza, alianza kwenda hekaluni kusujudu mara mia na nane, yeye ambaye magoti yake hupiga kelele akipanda ngazi. Miryeong alipojua alipandwa na hasira. "Mama, unajiumiza kwa ajili ya mtu ambaye hayupo!"

"Namwombea aamke," mama yake alisema. "Akiamka yeye, nawe umeamka. Kuna ubaya gani?"



Kipindi cha hamsini kilikuwa kinapigwa picha siku Cheon, mtunza vifaa vya kuigizia, alipomfuata kwenye kona ya kunywea kahawa. Kijana mpole, mwenye funguo kiunoni. Hakumtazama usoni. Mkononi alikuwa na mfuko mdogo wa chumvi, akauweka mezani mbele yake.

"Dada Miryeong, samahani. Una picha yako nzuri? Kuanzia kifuani, unaangalia mbele. Ukiwa unatabasamu kidogo ni vizuri zaidi."

"Ya kutundika chumbani kwa Jinhwa?"

Cheon alisugua shingo. "Si ya chumbani."

Kwetu hakuna asiyeijua picha ya namna hiyo, ya marehemu: fremu nyeusi, utepe mweusi umekatiza pembe mbili za juu, maua meupe pembeni. Na chumvi ni ile tunayojinyunyizia tukitoka msibani. Miryeong aliutazama ule mfuko mpaka kahawa ikapoa.

Kisha akafanya kitu ambacho hajawahi kukifanya. Alimfuata mwongozaji. Alisimama mbele yake, mikono imekutana mbele.

"Mwongozaji, Jinhwa hajasema nani alimsukuma."

"Kuna barua yake itapatikana mwishoni kabisa," mwongozaji alisema, jicho moja kwenye simu. "Watu wamempenda yule mwovu, unaona? Jinhwa akiamka, mwovu anakwenda jela, tamthilia imekwisha. Hatuwezi." Akainua kichwa, akamwonea huruma kidogo. "Ila umelala vizuri, Miryeong. Nasema kweli. Sijapata kuona mtu analala kama wewe."

Miryeong aliinama. "Asante, Mwongozaji," alisema. Jambo la kusikitisha ni kwamba aliisema kwa moyo. Katika miaka yake yote kwenye kamera hakuna aliyekuwa amemsifu kazi.

Jioni akampigia mama yake. Alijaribu kuifanya sauti iwe nyepesi. "Mama, nahitaji picha. Ile ya zamani tuliyopigwa mmoja mmoja wakati kundi linaanza. Unayo?"

"Ipo. Ya nini?"

"Ya kazi tu. Wanataka ya kuanzia kifuani."

Upande wa pili televisheni ilisikika ikitangaza sabuni.

"Yangu ipo kabatini tangu mwaka juzi," Okrye alisema mwishowe. "Nilipigwa siku moja na Pilsun, kila mtu yake, nimevaa vazi la sherehe, hanbok ya bluu. Sikudhani yako itatangulia."

"Mama, ni tamthilia."

"Najua ni tamthilia. Unaniona mjinga?" Akakata simu. Kesho yake aliituma picha hiyo ikiwa imefungwa kwenye kitambaa cheupe kilichopigwa pasi.

Kifo kilipigwa picha asubuhi ya Alhamisi. Mashine ya moyo ikalia sauti moja ndefu, Mwalimu Noh akamwangukia kifuani, akaomboleza kwa sauti iliyowafanya hata washika taa wageuke kutazama. Na kwenye kona ya jicho la Jinhwa likachomoza chozi, likateremka mpaka sikioni.

"Kata! Maiti inalia!"

Watu wakacheka. Wakamfuta, wakarudia. Chozi likatoka. Wakarudia. Mara ya nne hakuna aliyecheka tena, na mwongozaji akaangalia saa. Miryeong alikuwa akijisihi kimoyomoyo, anajiuma shavu kwa ndani, na macho yake hayakumsikia. Vipindi arobaini mwili ule ulikuwa umemtii.

Mwalimu Noh aliinama akamsogelea sikioni. "Lia sasa, ulimalize," akanong'ona. Kisha akainuka, akapaza sauti: "Jamani, leteni maji! Koo limekauka, siwezi kuendelea!" Watu wakakimbilia maji. Miryeong aligeukia ukutani akalia chini ya shuka, haraka haraka, kama mtu anayekula kwa kujificha. Maji yalipofika alikuwa amenyooka. Mara ya tano alikufa vizuri.

Walimpa shada la maua, wakampigia makofi, wakapiga picha ya pamoja. Cheon alimfuata mpaka mlangoni akamnyunyizia chumvi mabegani, naye akapanda gari moshi kwenda Incheon. Bwana Ku aliahidi kupiga simu.

Wiki tatu baadaye Miryeong alikuwa amekaa nyuma ya meza ya mama yake, aproni kiunoni, anamenya vitunguu saumu. Saa moja na robo ilipofika wanawake wakajikusanya. Kwenye televisheni familia ya mchuzi wa soya ilikuwa inaweka meza ya kumkumbuka marehemu: samaki, mapeasi, mishumaa, na juu yake picha kwenye fremu nyeusi.

"Huyo hapo!" alipiga kelele Pilsun. "Mama Miryeong, huyo hapo!"

Kamera ilisogea mpaka picha ikajaza kioo kizima. Ilikaa pale muda mrefu, zaidi ya sekunde sita, huku mume wa Jinhwa akiiapia kwamba atalipiza. Msichana wa miaka ishirini na mmoja aliwatazama wote waliokuwa sokoni, midomo ikitaka kucheka.

Okrye alifuta mikono kwenye aproni. Akasogea karibu na kioo, magoti yakilalamika, akaitazama mpaka ilipoondolewa.

"Ona," akamwambia mwanawe taratibu. "Umefumbua macho."

Miryeong aliinamisha kichwa akachukua kitunguu kingine. Mteja alikuwa anasubiri dagaa, na mama yake akaenda kumpimia.