Wachambuzi waliponda EP yetu ya rock, wakasifu kikohozi ambacho hatukurekodi

Wakuu, salamu kutoka Kisii. Hii si hekaya, nilikuwepo mwenyewe, na anayetaka kubisha abishe.

Mimi napiga drums kwenye bendi ya rock. Ndiyo, rock, hapa Kisii. Cheka umalize tuendelee.

EP yetu ya nyimbo nne tulirekodi Birongo, nyumbani kwa mwimbaji wetu, Kemunto. Tulichagua Jumamosi kwa sababu majirani karibu wote ni Wasabato, na wakishaenda kanisani kunatulia kabisa. Mama yake pia alikuwa ameenda. Baba yake amezikwa hapo kando ya nyumba.

Siku hizo familia ilikuwa na mvutano. Mama alikuwa akisema anamsikia marehemu mumewe. Kaka mkubwa akaamua akili zimeanza kumtoka, lazima ahamie kwake Nakuru. Mama hakutaka kabisa kuacha nyumba na majani chai yake. Kemunto alikuwa akilia kila akituambia.

EP ikatoka. Tukachinjwa.

Mchambuzi mmoja aliandika kwamba gitaa zetu ni kelele za posho mill ya kusaga mahindi. Iliniuma, na bado inaniuma. Lakini akamalizia: "Kitu pekee cha kweli humu ni mzee anayekohoa kwenye wimbo wa tatu."

Wa pili, blogger wa Nairobi, naye akasifu kikohozi. Wa tatu akauliza mbona huyo mzee hatukumtaja.

Wakuu, hatukuwa na mzee yeyote.

Tukavaa earphones. Gitaa linaponyamaza, mtu anakohoa huko nje. Kisha karibu. Kisha kando ya maikrofoni kabisa. Niliogopa, sifichi.

Tukaenda Birongo. Tulimkuta kaka akitoa mizigo ya mama nje. Kemunto akaucheza ule wimbo kwenye simu.

Huku kwetu mzee hafiki mlangoni kimyakimya. Hukohoa kwanza, ili wake za wanawe wajue anaingia. Kikohozi kilipokaribia, mama hakushtuka. Alivuta kiti kilichoziba njia, akakiweka pembeni.

"Huyo ni omogaka wangu," alisema. Mume wake. Kisha akamgeukia mwanawe. "Na hao wa Nairobi waliomsikia, nao utawapeleka Nakuru?"

 Kaka alianza kurudisha mizigo ndani.

Nilichojifunza: mzazi akikuambia amesikia kitu, keti naye kwanza kabla hujamtafutia daktari.

Sasa producer anataka tukifute hicho kikohozi. Mama ameomba kibaki, na mlango hafungi tena mchana. Ungekuwa wewe, ungefuta? Andikeni hapa chini, hata wa kuponda karibuni.