Paa la Mfuasi Wangu wa Pekee

Niliondoka Singida kwa sababu ya simu moja. Mwanamke nisiyemfahamu alinisalimia kwa upole, akauliza kama mimi ndiye mwalimu aliyeandika kitabu cha nchi ya Sumbwari, ambacho mwanafunzi mmoja alikiacha kwao, namba yangu ya simu ikiwa nyuma. Nilikubali kwa furaha, maana hadi siku hiyo wasomaji wangu walikuwa wanafunzi wangu tu, tena wa kulazimishwa.

"Basi njoo Arusha umwambie mume wangu amalizie paa," akasema. "Mvua zimekaribia."

Hapa inabidi nieleze. Sumbwari ni nchi niliyoibuni mwenyewe, yenye miezi miwili angani na mito inayopanda mlima. Watu wake wanafuata fundisho liitwalo Unusu: kila kitu duniani ni nusu, na nusu ya pili ni mali ya Wasioonekana. Kwa hiyo Msumbwari hamalizi jambo. Akila anabakiza, akisuka mkeka anauacha njiani, hata salamu anaikata katikati ili Asiyeonekana aimalizie. Kitabu chenyewe kinaishia katikati ya sentensi. Wanafunzi niliwaambia hiyo ni falsafa. Ukweli ni kwamba nilishindwa kukimaliza.

Ijumaa alfajiri nikapanda basi. Baada ya Babati nililala, nikaamka Mlima Meru uko mbele yetu, kuanzia mabegani kwenda juu umefunikwa na wingu. Nusu unaonekana, nusu hauonekani. Nikageuza uso dirishani nisije nikacheka peke yangu.

Kijenge, mjini Arusha, nilifikia kwa binamu yangu Zawadi, mpishi wa keki za harusi. Nilipomsimulia alicheka mpaka akaweka mwiko chini.

"Umepata muumini! Usirudi bila sadaka."

"Zawadi, watu hawana paa."

"Kwa sababu ya kile kitabu chenye mto unaopanda mlima?"

"Hicho hicho."

Akaacha kucheka, akanifungia keki niwapelekee.

Jumamosi asubuhi nilifika Tengeru, nje ya mji, nikachukua bodaboda kupanda kwenye migomba na kahawa. Nilipomtajia dereva jina la mume wa yule mama, Mzee Elifuraha, akauliza, "Ile nyumba nusu?" Hakuhitaji maelekezo zaidi.

Kweli ilikuwa nusu. Upande wa kushoto mabati yaling'aa na ukuta ulipakwa rangi ya maziwa. Upande wa kulia kenchi, zile mbao za kubebea bati, zilikuwa wazi, na mabati yaliyobaki yamelazwa chini, yamefunikwa majani ya migomba. Mzee mwenyewe, mkulima wa kahawa na mzee wa kanisa, alitoka na kofia yake mkononi.

"Shikamoo, baba."

"Maraha..." akasita, akatazama pembeni kama anayempisha mtu.

"Ba!" sauti ya mwanamke ikapaa kutoka jikoni. "Marahaba! Karibu, mwalimu!"

Huyo ndiye Mama Upendo, aliyenipigia simu. Alikuwa akikohoa. Kwa kuwa mvua ilipenya upande ulio wazi hadi chini ya bati, tangu mwaka jana wanalala katika jiko la nje, kwenye moshi, pamoja na mbuzi wawili.

Tulipomaliza loshoro, yale mahindi na maziwa mgando ambayo mzee alibakiza kidogo kwa heshima ya Wasioonekana, nikaingia kazini.

"Baba, Sumbwari niliibuni. Haipo."

"Najua, mwalimu. Mimi si mtoto. Hakuna mto unaopanda mlima."

"Na Unusu nao niliubuni. Nilikuwa na malaria."

"Malaria haizuii mtu kusema kweli."

Nikajaribu ujanja. Nikamwambia hata mkuu wa Sumbwari alimaliza jumba lake.

"Ukurasa gani?" akauliza, huku akichomoa kitabu. Kilikuwa kimepigiwa mistari kwa kalamu nyekundu. "Wa thelathini na mbili unasema aliliacha bila mlango."

Nikaomba radhi. Ni jambo gumu kusahihishwa kitabu chako na msomaji, tena akiwa sahihi.

Ndipo nikauliza swali ambalo ningeanza nalo. "Baba, kitabu kilikukuta paa limefika wapi?"

Akaizungusha kofia vidoleni.

"Lilikuwa hivi hivi," akasema. "Baba yangu alimaliza nyumba yake, hakufikisha Krismasi. Kaka yangu alipiga bati la mwisho, wiki ya pili tukamzika. Langu lilipofika nusu, mikono ikagoma. Nilikuwa naona haya kusema naogopa. Kitabu chako kikanipa neno la kusema."

Nililoliandika kwa mzaha, mtu alikuwa amejificha ndani yake.

Mama Upendo akaja akijifuta mikono. "Ukurasa wa sitini na moja, mwalimu. Usome kwa sauti."

Nikasoma. Watoto wa Sumbwari wanamuuliza muuza chumvi nusu ya Wasioonekana ni kubwa kiasi gani. Anawawekea chembe moja ya chumvi kiganjani. "Ni hii," anasema. "Hao hawana mikono ya kubeba zaidi." Nilikuwa nimesahau kabisa kwamba niliyaandika hayo.

Mzee akavaa miwani, akausoma mwenyewe mara mbili. "Mbona huu sikuuona?"

"Kwa sababu unasoma nusu nusu," akajibu mkewe. Kisha akanigeukia. "Nimemwonyesha mara tatu. Akakataa kutazama, akasema mimi si mwenye kitabu."

Walikubaliana kwamba fremu ya dirisha moja isipakwe rangi kamwe, ndiyo iwe chembe ya Wasioonekana. Majirani wawili wakaja na nyundo, na mchana kutwa kijiji kikasikia mabati. Lilipobaki la mwisho, wakataka kummalizia. Mzee akakataa. Akapanda ngazi taratibu, Mama Upendo akiishika kwa mikono yote miwili, midomo ikimtembea kwa sala.

Jumapili baada ya ibada mvua ikashuka. Tulikaa sebuleni, kelele za bati zikatufanya tupige makelele kusikilizana. Mzee alikaa wima, kofia kichwani, ameshika mikono ya kiti kama yuko kwenye basi lililokatika breki.

"Uko hai?" mkewe akauliza.

"Bado nipo."

"Basi kunywa chai."

Akanywa. Akaomba na keki.

Jumatatu nilirudi Singida na mkungu wa ndizi chini ya kiti. Nilikwenda nikidhani nitamtoa mtu kwenye ndoto niliyomtia. Kumbe mimi nilimpa jina tu. Hofu alikuwa nayo tangu zamani, amekaa nayo peke yake. Siku hizi nikimkuta mtu ameng'ang'ania jambo la ajabu, simbishii. Namuuliza kwanza alimzika nani.