Mkwe Aliyepiga Magoti Uani

Benedicta amekuwa akiuza mchele sokoni Chimala tangu alipofiwa na mume. Simu kubwa alinunuliwa na bintiye, Blessing. Ndani yake kuna msaidizi wa akili mnemba, ambaye Benedicta humuuliza kwa sauti habari za mvua na mbegu. Asmaa, jirani yake wa kizimba, humtania.

"Shoga, huyo bwana wa kwenye simu atakuoa lini?"

"Akijua kupepeta mchele."

Mwaka huu Blessing alimkimbia mumewe, Didas, kule Mgololo, akapanga chumba Uyole. Alipo alimwambia mama yake peke yake. Sababu hakuisema.

Didas akaja Chimala. Kwetu mkwe huinamisha macho mbele ya mama mkwe na hukaa mbali naye. Huyu alipiga magoti uani, akalia, majirani wakitazama.

"Mama, mke wangu amepotea. Nisaidie, mama."

Benedicta alitahayari, hakujua aweke wapi uso. Akaingia ndani, akaiuliza simu: "Mkwe wangu anamtafuta mkewe. Mimi najua alipo. Nimwelekeze?"

Ikajibu: "Sijui kwa nini aliondoka. Huenda walikosana kidogo tu, huenda anamwogopa. Kabla ya kumwambia mtu yeyote alipo, mpigie binti yako umuulize kama anataka kupatikana. Mkwe wako mwambie utafikisha ujumbe wake. Kama binti anaogopa, nitakueleza pa kupata msaada."

"Kitu kisicho na ukoo kitajua nini cha ndoa," alinung'unika, akaizima. Akatoka, akamwelekeza Didas mpaka rangi ya geti.

Nasema wazi: tumezoea kuyahurumia machozi ya mwanamume, ukimya wa mwanamke tukauita kiburi. Kile kifaa hakikumhukumu Didas. Kilikiri hakijui, kikataka mwenye maisha yake aulizwe kwanza. Sisi wenye damu na ukoo hatukuuliza.

Sasa Didas yuko mahabusu. Blessing yuko wodini Mbeya, mkono umefungwa plasta, jicho moja halifunguki. Mama yake alimpelekea uji. Hakuugusa.

"Alijuaje nilipo?"

Benedicta akaufunika uji tena.

"Nilikuambia wewe tu, mama."

Binti akageukia ukutani, akamwita muuguzi, akamwomba taratibu amtoe mgeni.